Nyama Iliyopigwa Lipu

Niliporudi kutoka kazini Jumamosi ile nilimkuta mume wangu anainyunyizia nyama maji. Hakuwa anaiosha. Nyama ilikuwa imeshapakwa unga, ikachovywa kwenye mayai, ikavikwa chenga za mkate kila upande, na ikapangwa kwa mstari juu ya meza yangu ya jikoni. Vipande sita vimelala kama vigae. Naye amesimama mbele yake na bakuli la maji na brashi ya kupakia chokaa, anachovya, anakung'uta, anachovya, anakung'uta.

"Baba," nikamwambia, "unafanya nini?"

"Namwagilia."

"Unamwagilia nini?"

"Lipu isipomwagiliwa inapasuka," akasema, bila hata kugeuka.

Niliweka mkoba chini. Nilikuwa nimesimama tangu asubuhi katika chumba cha kufulia cha hospitali, ambako kazi yangu ni kupiga pasi mashuka, na mvuke wa mle ndani ukishakuingia haukubakishii subira ya kumvumilia hata nzi.

"Hiyo ni nyama ya ndama," nikasema. "Siyo ukuta."

"Kanuni ni ile ile."

Huyo ndiye mume wangu. Mtaa mzima unamwita Fundi, na mimi sibishi, maana katika kupiga lipu sijaona wa kumfikia. Ukuta aliouvisha yeye unaupitishia kiganja kutoka kona hadi kona na hukwami popote. Akiingia nyumba ya watu, hata msibani, lazima agonge ukuta kwa kifundo cha kidole asikilize. Ukiitika sawasawa anatikisa kichwa kwa kuridhika. Ukilia kama debe tupu anasema, "Hapa pana uwazi," na mwenye nyumba analala na wasiwasi. Kazi isiyompendeza anaibomoa. Haulizi imetoka jasho la nani. Wanafunzi wake wamewahi kumaliza ukuta mzima, wanakunja mikono wasubiri sifa, akaona bonde dogo ambalo mimi na wewe tungehitaji tochi kuliona, akashika patasi akauangusha wote chini mbele ya macho yao.

Sasa utadhani nyumba ya mtu wa namna hiyo inang'aa. Mganga hajigangi. Ukuta wa jikoni kwangu, huu ulio nyuma ya jiko, ni matofali matupu tangu tulipohamia, na tulihamia binti yetu akiwa tumboni. Binti sasa ana watoto wake. Mchanga unadondoka kwenye sufuria, masizi yamejishika kwenye kila ufa, mjusi ana ukoo mzima humo. Nikimwambia, ananijibu, "Kesho, mama watoto." Nimezeeka nikiingoja kesho hiyo.

Na hii nyama nayo ina historia yake. Kabla hajanioa alipata kazi ya kupiga lipu jiko la hoteli moja, na mpishi wa pale alikuwa Mwitaliano. Kila mchana Fundi, mikono imejaa saruji, alimtazama yule bwana akiponda nyama ya ndama mpaka ikawa nyembamba kama soli ya kandambili, akaipaka unga, mayai, kisha chenga za mkate zilizochanganywa na jibini ngumu ya kukuna, akaikaanga kwenye siagi na kuikamulia limau. Siku kazi ilipokwisha mpishi akampa sahani moja. Sahani moja tu! Nimeishi na sahani ile kama mke mwenza. Nikipika mchuzi, "Mtamu, lakini ile nyama, mama watoto..." Nikioka kuku, "Yuko vizuri, ila ile nyama..." Binti yetu alijifunza kutamka "ile nyama" kabla ya kujifunza kufunga viatu.

Basi, miaka ikaenda, bega likamgomea. Mtu ameinua mkono kupiga lipu dari za watu tangu ujana wake, bega litaacha kuchoka? Daktari wa hospitali yetu alituonyesha picha ya mfupa, akatuambia wazi kwamba mkono wa kulia hautapanda tena kupita bega. Fundi akamshukuru vizuri sana, na tulipofika nje akasema yule ni mtoto, hajui kitu. Lakini kazi ilikwisha, akakaa nyumbani.

Mzigo wa mwenzio ni kanda la usufi. Jirani yangu ananiambia nina bahati, mume hazururi. Hajui. Mume wangu amepima rafu yangu ya vyombo kwa pima maji, akaona imeinama, akaibandua, na mpaka leo vyombo vyangu vinalala sakafuni. Amehamisha chumvi. Mkate akiununua anaugonga kwanza. Nikikata vitunguu anasimama nyuma yangu, kimya, anapumua. Mimi ni mtu mzima, jamani, sitaki kupumuliwa kisogoni nikikata vitunguu.

Ndiyo maana aliponiambia kwamba Timazi anakuja kula chakula cha jioni, nilifurahi kuliko yeye. Timazi alikuwa mwanafunzi wake. Wenzake walimpa jina hilo kwa sababu ya urefu na ukimya wake, amenyooka kama ile kamba yenye risasi wanayopimia ukuta. Sasa ndiye msimamizi wa jengo kubwa, na alikuwa anatafuta fundi. Fundi akaamua kumkaribisha na kumpikia kwa mkono wake mwenyewe, tena chakula kile kile cha Mwitaliano, ili kijana aone kwamba mzee bado yuko imara.

"Habari za bega usimwambie," akaniambia. "Linakaribia kupona."

Linakaribia kupona! Mtu ninayemvalisha shati kila asubuhi! Lakini nikanyamaza. Niseme ukweli: nilitaka apate ile kazi, niamke siku moja nikute jikoni hamna mtu na chumvi iko nilipoiweka.

"Kaushe hiyo nyama," nikamwambia sasa. "Maji na mafuta ya moto havikai pamoja."

"Nimeiloweka hata kabla ya unga. Ukuta mkavu unanyonya maji ya lipu, lipu inabanduka."

"Na hii ndiyo itakayobanduka."

"Wewe umewahi kuipika?"

"Wewe umewahi kupika nini?"

Nikavitazama vile vipande. Kila kimoja kilikuwa kinene upande mmoja na upande wa pili chembamba, karibu kutoboka. Nyundo ilikuwa mezani, kushoto kwake. Nikaelewa kwamba ameponda yote kwa mkono wa kushoto, mkono ambao hata kijiko haujazoea, na moyo ukaniuma kidogo. Halafu nikaona sakafu yangu ilivyojaa unga, na ule uchungu ukaondoka wenyewe.

Sikio la kufa halisikii dawa. Akawasha jiko, akayeyusha siagi, akatumbukiza vipande vitatu vya kwanza. Kikaango kikalipuka. Siagi iliruka ikanipata shingoni, ikampata yeye kwenye kipaji cha uso, ikapanda mpaka kwenye ule ukuta wa matofali. Fundi hakurudi nyuma. Akashika mwiko wake wa kazi, ule wa chuma wa kurushia saruji, akaanza kuigeuza nyama.

"Mwiko wa saruji kwenye kikaango changu!"

"Nimeuosha."

"Umeuosha tangu lini?"

Nyama ilipogeuka, koti lake lote la mkate lilibaki chini. Akalichota kwa mwiko akairudishia nyama, akalisawazisha vizuri, kushoto, kulia, kama anaziba tundu. Likateleza tena. Akalirudisha. Moshi umetanda, mimi nakohoa, yeye anaziba. Hapo ndipo hodi ilipopigwa.

"Hodi wenyewe!"

"Karibu!" akajibu Fundi kwa sauti ya mtu anayekaribisha watu harusini.

Timazi akainama mlangoni asigonge kichwa. Shati limenyooshwa, mkononi ana mfuko wa machungwa. "Shikamoo Mzee. Shikamoo Mama."

"Marahaba, baba," nikamwambia. "Karibu kwenye moto."

Fundi alikuwa ameshaopoa kipande kimoja ambacho koti lake lilionekana limeshika. Akakiweka kwenye sahani mbele ya mgeni. Timazi akakitazama. Halafu, nadhani ni mazoea tu, mkono ukamtangulia akili, akakigonga kwa mpini wa kisu. Pa, pa.

"Mzee," akasema polepole, "hapa pana uwazi."

Nikageukia dirisha. Nilicheka mpaka nikashika sinki. Timazi naye akajifunika mdomo, mabega yanamtetemeka. Fundi hakucheka. Alichukua kisu, akakipenyeza chini ya ile ngozi ya mkate, ikainuka nzima kama karatasi, na chini yake nyama ilikuwa ya kijivu, imelowa, ya aibu.

"Bomoa," akasema.

"Tutaila hivyo hivyo, Mzee, haina neno..."

"Bomoa zote!"

Akazimwaga tatu zilizoungua. Tatu zilizobaki, zile ambazo hazijaingia motoni, akaanza kuzikwangua koti. Ndipo nilipochoka kuwa mtazamaji. Nikatoa kitambaa safi kutoka kabatini, nikamsukuma kwa kiuno, nikaikausha nyama kama ninavyokausha kola ya shati kabla ya pasi, nikibonyeza mpaka kitambaa kikaacha kulowa. Timazi tukampa mkate mkavu na kikunio. Msimamizi wa jengo zima akakaa kwenye kigoda changu anakuna mkate, goti moja huku, goti moja kule.

Kuhusu kuipaka upya nilimwachia Fundi, na hapo nitampa haki yake. Unga mwembamba. Yai, likachuruzika lililozidi. Kisha chenga na jibini, na akabana kwa kiganja cha kushoto, kutoka katikati kwenda pembeni, taratibu, bila kuacha mahali.

"Sasa tuziache zivute, koti lishike kwanza," akasema.

"Njaa nayo inatuvuta sisi," nikamwambia.

"Zivute."

Tukangoja. Alikuwa sahihi, na inaniuma kusema. Zilipoingia kwenye siagi hazikurusha hata tone. Zikapiga kelele ndogo nzuri, zikawa rangi ya dhahabu, zikageuka na koti lake. Tukakaa mezani watu watatu, kipande kimoja kimoja, na limau.

Ile nyama ilikuwa tamu. Nilitamani isiwe, lakini ilikuwa tamu. Ilivunjika mdomoni, kisha ikalainika. Nikamtazama mume wangu anavyotafuna, macho amefumba. Nilingoja neno lake. Nimeingoja ile nyama maisha yangu yote ya ndoa, nina haki ya kusikia.

Akameza. "Ile ilikuwa na chumvi zaidi kidogo," akasema.

Ningekuwa na mwiko karibu, ningeua mtu.

Timazi alikula mpaka akafuta sahani. Kisha akasogeza kiti. "Mzee, sitazunguka. Nina ukumbi mkubwa, na dari yake imenishinda. Mafundi nilio nao wanairusharusha tu, nishabomoa mara mbili. Nataka mkono wako. Jumatatu."

"Jumatatu nipo," akasema Fundi. Hakumwacha hata amalize.

Nafsi yangu ikaruka kwa furaha. Jumatatu! Nikaiona rafu yangu imerudi ukutani. Nikajiona nakata vitunguu peke yangu. Nikauliza tu, kwa kutaka kuongea, "Dari yenyewe iko juu sana?"

"Juu, Mama. Ukiwa kwenye jukwaa, wa chini unawaona utosi tu."

Mume wangu akainua glasi anywe, akaiinua kwa mkono wa kushoto. Na mimi nikamwona. Nilimwona juu ya zile mbao, mguu umeteleza, na mkono wa kulia umenyooshwa kushika kitu, umefika begani, umeishia hapo. Nikamwona kabisa, kama namtazama kutoka chini.

Nikanywa maji. Nikajiambia, nyamaza, mwanamke. Ni mtu mzima, anajua mwili wake. Nikakusanya sahani. Nikaziweka chini tena.

"Hawezi kuinua mkono," nikasema.

Timazi akageuka. "Nani, Mama?"

"Fundi wako. Bega limekwisha. Daktari alituambia."

"Huyu amechoka na kazi," akasema mume wangu, anacheka kwa meno. "Pasi imemchoma akili. Usimsikilize."

"Basi inua," nikamwambia. "Inua mkono, Baba, mgeni aone, mimi nikuombe radhi mbele yake."

Alinitazama kwa macho ambayo sijawahi kutazamwa nayo, tangu nimjue. Akaihamisha glasi mkono wa kulia. Akainua. Ikapita kifua, ikafika kwenye bega, ikaanza kutetemeka. Akauma meno. Jasho likamtoka. Glasi ikabaki palepale, inatetemeka, maji yanamwagika kwenye kitambaa cha meza, na sisi wawili tunatazama, mpaka Timazi akaangusha macho chini.

"Iweke, Mzee," akasema. "Iweke tu."

Akaiweka.

"Sitakupandisha jukwaani."

"Nani amekuomba unipandishe? Nitapanda mwenyewe."

"Mzee wangu, ningekuwa na kazi ya chini ningekupa hata sasa hivi. Sina. Ni dari tupu." Akasimama. Aliaga kwa heshima zote, akashukuru kwa chakula, na akaondoka amejikunja kidogo, si Timazi tena. Machungwa yake yakabaki mezani.

Nikaosha vyombo. Fundi alibaki kwenye kiti. Nilipofika kwenye kikaango akasema, nyuma yangu, "Umenimaliza."

"Afadhali nikumalize mimi kuliko jukwaa."

"Ilikuwa kazi yangu."

"Na ungekuwa msiba wangu!" Nilipiga kelele, ndiyo, nilipiga kelele na kikaango mkononi. Nilikuwa na hasira naye kwa kudanganya, na hasira na Timazi kwa kuja, na hasira na nafsi yangu kwa sababu nilitaka aende na nikamzuia. Nikalia juu ya maji ya vyombo. Yeye akaenda kulala bila kunisemesha, na nisingemsemesha mimi hata angeniuliza.

Asubuhi iliyofuata niliamshwa na sauti ya kukwangua. Nikajua anabomoa kitu, nikaomba kisiwe jiko. Nilipofika jikoni nikakuta jiko limevutwa katikati, karai la saruji na mchanga liko sakafuni, na mume wangu anapiga lipu ukuta wangu. Ukuta ule. Alishaanza chini na alikuwa anapanda, anarusha kwa mkono wa kulia, maana chini mkono unamtii bado, anasawazisha kwa kibao, anarudi nyuma, anatazama, anagonga. Nilimenya chungwa la Timazi, nikakaa mlangoni.

Alifika kifuani. Akafika begani. Akarusha mara moja juu ya hapo, saruji ikamrudia usoni. Akajaribu tena. Ikamrudia. Akasimama, uso umeelekea ukutani, mwiko unaning'inia, na juu yake matofali matupu mpaka darini. Nikaacha kutafuna.

"Mama watoto," akasema mwishowe.

"Naam."

"Vuta kiti."

"Nikuletee ukae?"

"Upande."

"Mimi? Mimi napiga pasi, Baba."

"Ni pasi hiyo hiyo. Ila hii haiunguzi."

Nilipanda nikinung'unika, gauni nimelifunga kiunoni. Akanipa mwiko. Ulikuwa mzito kuliko nilivyodhani, na mpini wake umechimbika kwa vidole vyake, vyangu havikuenea. Nikachota saruji.

"Loweka kwanza!" akafoka kutoka chini. "Ukuta mkavu unanyonya!"

Niliikumbuka ile nyama, na nilikuwa tayari kumwagia bakuli zima kichwani. Lakini nikachukua brashi ile ile, nikanyunyiza, na matofali yakayanywa maji papo hapo, ssss, kama yalikuwa na kiu ya miaka yote ile. Nikarusha. Nusu ikashika, nusu ikamwangukia Fundi kwenye nywele. "Tena," akasema. Nikarusha tena. Tuligombana mpaka jua likapanda: mwiko naushika vibaya, kibao nakikandamiza mno, mkono wangu mfupi, sauti yake ndefu. Nilishuka mara mbili nikimwambia amalize mwenyewe. Mara mbili nikapanda.

Ukitembelea jikoni kwangu utauona mstari. Kutoka sakafuni mpaka usawa wa bega lake, pitisha kiganja, hukwami popote. Kutoka hapo kwenda juu ni kazi yangu, na ina mabonde ya kutosha kufugia samaki. Rafu imerudi, imeinama. Chumvi bado anaihamisha. Kila asubuhi Fundi anakaa na chai yake, anatazama juu ya ule mstari, anaguna, anasimama, anagonga kwa kifundo cha kidole, anasikiliza, anaguna tena. Patasi yake iko pale pale dirishani, mkono unaifikia.

Mpaka leo hajabomoa.